Uzi wa barua za magereza: Ukonga, Keko, Segerea na ndugu waliofungwa mbali

#1 Mzee wa Rejista

Wakuu, salaam. Swali la "barua yangu ya gerezani haijafika, nifanyeje" linarudi humu kila mara na majibu yanatawanyika. Naliweka sehemu moja. Wenye kujua zaidi waongeze, wenye kunisahihisha ruksa.

Watu wakisikia barua haijafika, wa kwanza kulaumiwa ni askari anayezisoma. Ni kweli barua zote zinasomwa, na Sheria ya Magereza, Sura ya 58, pamoja na kanuni zake vinampa Mkuu wa Gereza madaraka hayo. Lakini nyingi hazifiki hata kwenye meza yake. Zinafia kwenye bahasha, yaani jina na anwani.

Jina. Andika majina yaliyo kwenye hati ya mashtaka, siyo unayomwitia nyumbani. Mtaani ni Side, baba yake anamwita Saidi, polisi wameandika Said, na karani wa gereza anatafuta kilichoandikwa na polisi. Mohamed, Muhamedi na Mohammed kwenye daftari ni watu watatu tofauti. Hati ikiwa na jina la pili baada ya alama ya @, kwa mfano Hamisi Juma @ Kidevu, liandike na hilo. Majina matatu ni lazima, kwa sababu gereza moja la Dar linaweza kuwa na kina Hamisi Juma hata wanne.

Namba. Mfungwa aliyehukumiwa ana namba ya gereza, kwa kawaida namba, mkwaju, kisha mwaka. Mahabusu mtambulishe kwa namba ya kesi na jina la mahakama. Namba hizo utazipata getini siku ya kumtembelea au kwa wakili wake.

Anwani. Posta yetu kimsingi inapeleka kwenye masanduku, haigongi hodi mlangoni. Barua isiyo na S.L.P. ya gereza haina pa kwenda. Iulize getini au kwa simu ya ofisi ya gereza lenyewe, usiinakili kwenye tangazo la miaka kumi iliyopita. Mbele ya bahasha iwe hivi:

Majina matatu, Mfungwa Na. .../20...
Kupitia kwa: Mkuu wa Gereza
Gereza Kuu Ukonga
S.L.P. ...
Dar es Salaam

Nyuma andika jina lako na S.L.P. yako, au ya ofisi, msikiti au kanisa litakalokupokelea. Namba ya simu usiiweke nje ya bahasha. Iweke ndani, mwisho wa barua. Bahasha inapita mikono mingi, na namba inayoonekana ndiyo inayopigiwa baadaye na mtu anayejiita afande: "Mtu wako anaumwa, tuma hela ya dawa."

#2 Kisutu Kila Siku

Nyongeza kwenye anwani. Kuna wanaoandika "Gerezani, Dar es Salaam" wakidhani wamemaliza. Gerezani ni kata jirani na Kariakoo, ina kituo cha mwendokasi na wakazi wake wanaopokea barua kama watu wengine. Na "Magereza Ukonga" pekee haitoshi, maana pale kuna gereza, kuna chuo cha magereza, kuna na nyumba za askari. Andika neno Gereza mbele ya jina la gereza.

Pia hakikisha mtu wako bado yupo hapo. Keko na Segerea ni vituo vya mahabusu. Hukumu ikisomwa leo mahakama ya Kisutu, karandinga la jioni linaweza kumshusha Ukonga, na baada ya muda akapelekwa Isanga Dodoma, Maweni Tanga au Lilungu Mtwara. Barua uliyoposti Jumatatu kwenda Segerea inamkuta ameshaondoka, na kumfuata aliko huchukua wiki kadhaa kama haikurudi kwako. Kwa mahabusu ambaye hukumu yake imekaribia, subiri isomwe kwanza ndipo uandike.

#3 Bint Tandika

Asanteni sana. Naomba kuuliza: kama kesi inatajwa kila baada ya siku 14 na ndugu tunamwona pale mahakamani, kwa nini tusimpe tu barua mkononi?

#4 Kisutu Kila Siku

Dada, hapo utamponza yeye na wewe. Akiwa mahakamani bado yupo chini ya ulinzi, na kikaratasi chochote anachopewa bila idhini ni sawa na kitu kilichopenyezwa gerezani, hata kama kimeandikwa "mama anakusalimia" tu. Jioni wakirudi gerezani, wote wanapekuliwa mapokezi. Kikionekana, kinachukuliwa na yeye anaanza kuhojiwa kimetoka kwa nani. Mahakamani msalimie kwa macho, barua ipite getini au posta.

#5 Mzee wa Rejista

Kuhusu getini. Ukiipeleka mwenyewe siku ya kutembelea, usiifunge bahasha. Ikabidhi mapokezi ikiwa wazi, jina likiwa limeandikwa vizuri, useme ni barua ya mfungwa fulani. Ya posta ibandike ncha tu ya kifuniko. Wengine wanaziba kwa gundi, juu wakaongeza na selotepu pande zote. Mkaguzi lazima aifungue, na ikigoma anachana, na mstari wa juu wa barua unaondoka na bahasha.

Usibane karatasi kwa pini wala klipu. Chuma hakipiti. Kunja mara tatu, andika namba ya ukurasa juu (1/3, 2/3, 3/3). Barua zenyewe pia zipe namba: "Barua ya 5, tarehe fulani". Akipokea ya 4 kisha ya 6, anajua moja haijamfikia na atauliza ofisini. Bila namba hamtajua kamwe, mtabaki kununiana.

#6 Bwana Stempu

Niseme ya posta maana ndiyo kazi ninayoielewa.

Karatasi ya A4 ya kawaida, ile ya gramu 80, ina uzito wa gramu 5 kasoro kidogo sana. Bahasha ndefu nyeupe ni gramu 4 au 5. Kwa hiyo karatasi tatu na bahasha zinagonga gramu 20, na hapo ndipo ngazi ya kwanza ya uzito wa barua inapoishia. Picha moja ya kusafisha, ya inchi 4 kwa 6, ni karibu gramu 4. Ukitaka kutia picha, punguza karatasi moja. Karatasi ya daftari ni nyepesi zaidi, na ukiandika pande zote mbili unafaidi. Usibandike stempu kwa makisio. Peleka dirishani ipimwe, maana stempu zikipungua barua inakaa ikisubiri malipo, na gereza halitalipia.

Rejista (barua inayosainiwa ikipokelewa) au EMS (huduma ya haraka ya posta)? Watu wanadhani ghali ndiyo haraka. Kwa gereza si lazima iwe hivyo. Barua ya kawaida inaingizwa sandukuni, na karani wa gereza akija anaikomba pamoja na nyingine. Rejista haiwekwi sandukuni. Kinawekwa kikaratasi cha taarifa, na lazima aje mtu aliyeidhinishwa, na kitambulisho, asaini. Kama mwenye idhini hayupo wiki hiyo, rejista yako imekaa kaunta wakati barua ya kawaida imeshafika.

Rejista ina faida kwenye nyaraka. Risiti yake ina herufi mbili, tarakimu tisa, kisha TZ. Ya rejista inaanza na R, ya EMS inaanza na E. Tunza risiti hiyo. Ila ujue inathibitisha kwamba gereza limesaini. Kwamba mfungwa ameishika mkononi ni jambo jingine.

Na tafadhali, hela haziwekwi kwenye barua. Hata mkataba wa posta wa kimataifa unakataza noti na sarafu ndani ya barua isiyo na bima. Mfungwa mwenyewe haruhusiwi kukaa na fedha taslimu. Fedha zake zinatunzwa na ofisi ya gereza na kuandikwa kwenye daftari lake. Ulizia ofisini utaratibu wa kumwekea na udai stakabadhi.

#7 Mwanakwetu wa Mbagala

Vipi stempu na bahasha tupu ili anijibu? Naweza kuzitia humo humo ndani?

#8 Bwana Stempu

Usizitie ndani ya barua. Stempu ni kitu chenye thamani, kwa mkaguzi inahesabika kama hela. Zikabidhi getini peke yake: bahasha tano, stempu tano, kalamu ya wino wa bluu isiyo na chuma ukiambiwa inaruhusiwa, zikiorodheshwa kwa jina lake. Anwani yako iandike mwenyewe kabisa juu ya kila bahasha. Aliye ndani simu yake imechukuliwa, na S.L.P. ya dada yake wa Tabora hawezi kuwa ameikariri kichwani.

#9 Mama Pacha Gongo la Mboto

Mmesema ya bahasha, hamjasema ya maneno yenyewe. Hapa ndipo akina mama na wachumba tunapokosea.

Ukubali moyoni kwamba kuna mtu wa tatu anasoma, na ana rundo mbele yake. Barua ya kurasa tisa, mwandiko wa kuku, inawekwa chini ya rundo. Ya kurasa mbili, mwandiko mkubwa, Kiswahili kilichonyooka, inapita. Ukiandika Kihaya au Kimakonde si kosa, lakini itasubiri askari anayeijua lugha hiyo. Kama bibi hajui Kiswahili, andika tafsiri chini yake.

Mafumbo acha. Sisi watu wa pwani tunapenda maneno ya kanga: "Uliyemwacha shambani anavuna", "Paka wa jirani kahama". Kwenu ni utani, kwa msomaji ni lugha ya siri, anaizuia kwa kuwa hajui nani kahama na shamba liko wapi. Vivyo hivyo majina ya utani ya watu na orodha ya namba zisizo na maelezo. Ukitaja namba, sema ni za nini: "Namba ya mtihani wa Asha ni hii."

Marashi usipulize, wala usifukize barua udi. Najua inavyopendeza. Lakini magereza ya nchi nyingi yameshakutana na karatasi zilizolowekwa dawa za kulevya, na harufu kali au doa la mafuta ndiyo dalili wanayofundishwa kuitafuta. Busu la lipstiki linaangukia humo humo. Watoto wakichora, wachore kwa penseli za rangi kwenye karatasi nyeupe moja. Isiwe na stika, vumbi la kung'aa, wala vitu vya kubandika kwa gundi. Kadi za muziki zile zenye betri usithubutu.

Picha: mtu aliyevaa nguo za heshima, isiwe ya ukubwa wa pasipoti, isionyeshe kitambulisho, silaha wala jengo la gereza. Nyuma yake andika jina la mfungwa kwa penseli, maana ikichomoka kwenye bahasha haina mwenyewe.

#10 Kisutu Kila Siku

Mama Pacha umemaliza. Niongeze la kisheria kwa mahabusu: kesi isijadiliwe ndani ya barua. Ukiandika "yule shahidi wa Buguruni tumeshaongea naye", barua hiyo inaweza kutumika dhidi ya wote wawili. Hata kumfariji kwa kusema "ulikosea lakini Mungu atakusamehe" ni sentensi mbaya mbele ya mwendesha mashtaka. Ya kesi yaende kwa wakili.

Barua ya wakili ni kitu kingine. Iwe kwenye karatasi yenye kichwa cha ofisi, muhuri, namba ya kesi, na juu ya bahasha iandikwe wazi kuwa ni mawasiliano ya wakili na mteja. Kanuni za Umoja wa Mataifa za mwaka 2015 zinazoitwa Kanuni za Mandela, namba 61, zinataka mawasiliano hayo yawe ya faragha. Usichanganye na salamu za familia kwenye bahasha hiyo hiyo, unaipotezea hadhi yake. Asiye na uwezo wa kumlipa wakili aulize gereza kuhusu msaada wa kisheria. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inawahusu walio magerezani pia.

Halafu kuna muda wa rufaa, na hapa posta imewatia watu hasara. Kutoka mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi kwenda Mahakama Kuu, notisi ya nia ya kukata rufaa ni ndani ya siku 10, na rufaa yenyewe siku 45. Muda wa kusubiri nakala ya mwenendo na hukumu hauhesabiwi. Kwenda Mahakama ya Rufani, notisi ni siku 30. Mfungwa hahitaji kumtumia ndugu ampelekee. Anaikabidhi kwa Mkuu wa Gereza, na ofisi ndiyo inayoipeleka mahakamani. Kwa hiyo msimwandikie "tutumie karatasi za rufaa tuzipeleke". Mwambieni: ikabidhi ofisini, andika tarehe uliyoikabidhi, utujulishe tarehe hiyo.

#11 Mwanakwetu wa Mbagala

Kuna hati ya shamba inahitaji saini yake. Naiposti?

#12 Kisutu Kila Siku

Usiposti hati halisi kamwe. Shughuli ya kusaini ni ya ana kwa ana. Mwandikie Mkuu wa Gereza barua ya maombi, ueleze ni hati gani, ambatanisha nakala yake na nakala ya kitambulisho chako, uombe siku ya kuja na wakili au Kamishna wa Viapo. Kama mambo ni mengi (kodi ya nyumba, ada za watoto, shamba), ni bora asaini nguvu ya uwakili (hati ya kumpa mtu mamlaka ya kutenda kwa niaba yake) mara moja kuliko kumfuata kwa kila karatasi. Askari wasomaji wa barua hawathibitishi saini, na saini iliyokuja kwa posta haina aliyeishuhudia.

#13 Mtu wa Pwani

Msiba je? Baba amefariki na kaka yupo ndani.

#14 Mama Pacha Gongo la Mboto

Pole sana ndugu, Mungu amlaze pema.

Habari hiyo usiitume kwa barua peke yake. Itafika wakati arobaini imeshapita, na ataisoma usiku kwenye selo yenye watu wengi bila wa kumshika mkono. Nenda gerezani leo au piga simu ofisini, omba kuonana na Mkuu wa Gereza au afisa wa ustawi, useme jina lake, namba yake, aliyefariki ni nani kwake, na mazishi ni lini. Uombe aitwe aambiwe pembeni, na kama mna sheikh au padre anayeingia humo, naye ajulishwe. Barua ifuate baadaye, ndefu kidogo, imweleze alizikwa wapi na nani walikuja. Hiyo ataitunza.

#15 Bint Tandika

Kuna mwenye ndugu aliyefungwa nje ya nchi? Shemeji yangu yupo Marekani, barua zangu mbili zimerudi.

#16 Bwana Stempu

Kila nchi na lake, ila kosa kubwa ni hilo hilo, bahasha.

Marekani jua kwanza yupo gereza la serikali kuu, la jimbo, au jela ya kaunti. La serikali kuu: jina kamili na namba ya usajili yenye tarakimu nane, utaipata kwenye ukurasa wao wa kutafuta wafungwa mtandaoni. Magereza ya majimbo mengi siku hizi hayampi mfungwa karatasi uliyoiandika. Pennsylvania ilianza mwaka 2018: barua za familia zikawa zinapelekwa kwenye kampuni iliyoko Florida, zinaskaniwa, anayopewa ni nakala. Ukituma moja kwa moja gerezani, inarudishwa. Ndiyo maana nakwambia usome ukurasa wa jimbo husika kabla ya kununua stempu. Kuna jela za kaunti zinazopokea postikadi tu. Vitabu mara nyingi lazima vitoke kwa mchapishaji au duka la vitabu, cha kwako ulichokisoma hakipokelewi. Kwa kuwa nakala inatoka kwenye skana, andika kwa wino mweusi upande mmoja, acha nafasi pembeni, usitumie penseli. Na usitume kumbukumbu ya pekee kama picha ya marehemu, halisi haitamfikia.

Uingereza nako magereza mengi hutoa fotokopi kwa sababu ya karatasi zenye dawa. Namba ya mfungwa ni lazima. Yapo yanayopokea ujumbe wa kuchapa mtandaoni kwa malipo kidogo, unachapishwa na kukabidhiwa.

Hong Kong nako kuna Watanzania waliokamatwa na unga. Padre John Wotherspoon, aliyekuwa akihudumu magerezani kule, alianza mwaka 2013 kuchapisha barua za wafungwa wenyewe zikiwaonya ndugu wa Afrika wasikubali kubeba mizigo. Kule wanaume wa vifungo virefu wako Stanley, wanawake utasikia Lo Wu. Mahabusu hubadilishwa vituo, hivyo anwani iliyoko kwenye barua yake ya mwisho ndiyo ya kuifuata.

#17 Kisutu Kila Siku

Na kwa aliyekamatwa nje mkapotezana kabisa: Mkataba wa Vienna wa Mahusiano ya Kikonseli wa 1963, kifungu cha 36, unampa haki ya kuomba ubalozi wetu ujulishwe, na barua yake kwa ubalozi lazima ipelekwe bila kucheleweshwa. Familia ipitie Wizara ya Mambo ya Nje, ikiwa na jina la kwenye pasipoti, namba ya pasipoti na tarehe ya kuzaliwa. Jina la nyumbani huko halimtafuti mtu.

#18 Mwanakwetu wa Mbagala

Swali la mwisho. Wiki sita zimepita, hakuna jibu, barua haijarudi. Nifuatilieje bila kuonekana msumbufu?

#19 Mzee wa Rejista

Anza na kalenda: wiki sita kwa gereza la mkoani ni muda wa kawaida kwenda na kurudi, kwa Ukonga au Keko ni mwingi. Nenda getini au piga simu ofisini, uulize kwanza kama mtu bado yupo hapo, kabla hujauliza barua. Ukianza na barua utaambiwa "tutaangalia". Ukianza na mtu, daftari linafunguliwa.

Akiwa amehamishwa, omba jina la gereza jipya na namba yake kama imebadilika. Akiwepo, uliza kama barua imezuiwa na kwa sababu gani, ili ya pili usirudie kosa. Tuma tena ile ile. Wenye busara huipiga picha kwa simu kabla ya kufunga bahasha, wakainakili upya bila kukuna kichwa.

#20 Bint Tandika

Bahasha nayo? Kaki au nyeupe?

#21 Bwana Stempu

Nyeupe ndefu, dada. Kaki ya A4 inakunjwa ili iingie sandukuni, na picha ya mtoto inatoka na mstari katikati ya uso.